Pole ya Giheke

Kamembe, Jumanne, tarehe 14 Oktoba 2025. Asubuhi ya ukungu. Mvua ndogo ilikatika alfajiri. Kutoka mlangoni kwetu sioni mto wala nyumba za Bukavu ng'ambo. Nasikia tu malori yanayosubiri forodha.

Kreshi, nyumba yangu ya kulelea watoto mchana: watoto wawili leo. Mwezi wa tano walikuwa wengi, nilikuwa nakosa mahali pa kuwalaza mchana. Mama zao walikuwa wakiwaacha kwangu kabla ya kuvuka daraja la Rusizi II kwenda kuuza nyanya na maziwa, jioni wakirudi kuwachukua.

Barua ya mdogo wangu Chloé iliingia jana. Ananiuliza swali moja. Jibu nalijua. Mama naye alilijua, na Mama amekufa. Kabla sijaandika lolote nanakili hapa barua zetu, moja baada ya nyingine, nione nilifikaje hapa. Siziweki zote. Za Chloé ziliandikwa kwa Kifaransa, na Kiswahili hiki ni changu. Ile ya jana tu ndiyo Kiswahili chake mwenyewe. Tunaandika kwa mkono, tunapiga picha karatasi, tunatumiana kwa simu. Yeye ndiye aliyetaka hivyo. Anasema akisikia sauti yangu analia kabla sijamaliza salamu.

*

Paris, 3 Machi 2016

Yaya Nzigire,

Tantine, shangazi aliyenilea, amenipa namba yako. Sijui kama bado nina haki ya kukuita Yaya, dada mkubwa. Ni mojawapo ya maneno machache niliyobaki nayo.

Niliondoka kwenu nikiwa na miaka sita, sasa nina ishirini na mitatu. Nimemaliza shule ya sinema. Nitakuwa mwandishi wa senario. Watu wakisikia sinema wanadhani nitaonekana kwenye picha. Hapana. Mimi naandika kabla ya picha: nani anaingia, anasema nini, ananyamaza wapi. Baadaye wengine wanazichukua karatasi zangu, wanazifuta nusu, na jina langu linapita mwishoni watu wakiwa wanatafuta makoti yao.

Mwalimu wetu alituambia kila mwandishi ana chumba kimoja ambacho hajathubutu kukiingia. Changu ni ile nyumba yetu ya Giheke. Nakumbuka mdogo wetu Elikia anakohoa. Nakumbuka wewe umepiga magoti mbele yangu. Halafu nakumbuka ndege. Katikati sina kitu. Nilikuwa mtoto wa pili, si wa kwanza wala wa mwisho. Kwa nini nilipelekwa mimi?

Chloé

*

Kamembe, 11 Machi 2016

Mdogo wangu Chloé,

Niite Yaya. Hakuna mwingine wa kuniita hivyo.

Nilimsomea Mama barua yako mara mbili. Akasema, "Umuulize kama iko anakula muzuri." Basi nakuuliza: unakula vizuri?

Ulipelekwa kwa sababu Tantine hakujaliwa mtoto, na kwa sababu shule za huko ni nzuri. Ni hivyo tu. Elikia alikunywa mafuta ya taa yaliyokuwa kwenye chupa ya Fanta, akafa. Mama alikuwa anauza mafuta yale rejareja, wakati ule Giheke haikuwa na umeme. Mtoto alikuwa na miaka mitatu. Ilikuwa ajali. Mama hapendi tuyazungumze, nami naomba tusiyazungumze.

Mimi nimeolewa na Muderhwa, fundi wa friji. Hatujapata mtoto. Nataka kufungua kreshi karibu na mpaka, maana mama wengi wanavuka na vichanga mgongoni kwenye foleni. Muderhwa anauliza kama unaweza kumweka kwenye filamu awe gavana. Nimemwambia hata polisi wa barabarani hafai, anacheka ovyo.

Dada yako,
Nzigire

*

Paris, 22 Septemba 2018

Yaya,

Nina kazi. Ni mfululizo wa televisheni, wa polisi. Tunakaa waandishi sita kwenye chumba kimoja, tunabandika vipande vya karatasi ukutani: mauaji hapa, uongo hapa, ukweli hapa. Jina langu halitokei. Ninasahihisha walichoandika wengine.

Lakini wamegundua ninachokiweza. Sehemu mhalifu anapokiri, wananiachia mimi. Mkubwa wa chumba husema, "Mpeni Chloé, yeye anajua watu wanavyoanguka magotini." Kila mtu anacheka. Sikuwaambia nilikojifunzia.

Kreshi imefunguliwa? Nitumie picha ya mlango wake. Napenda kuanza na mlango.

Chloé

*

Kamembe, 6 Februari 2019

Mdogo wangu,

Mama ametutoka juzi, leo tumemzika huko Nkungu, karibu na Elikia. Usikope tiketi. Mazishi yamekwisha, na ardhi haiendi popote.

Alikutaja. Siku za mwisho alichanganya majina, ila lako hakulichanganya. Aliniagiza nikulinde. Nilimwambia, "Mama, Chloé ni mkubwa sasa, ana nyumba, ana kazi." Akasema, "Ukubwa haukatazi." Basi nimekuandikia ujue.

Nzigire

*

Paris, 15 Januari 2021

Yaya,

Nimeanza kuandika filamu yangu mwenyewe, ndefu, si ya polisi. Ni juu ya Elikia. Naona bila hii sitaandika nyingine.

Ninahitaji macho yako. Chupa ilikuwa ya rangi gani? Ilizibwa na nini? Mlango ulitazama wapi? Tulivaa nini? Unajua mimi nina miaka mitano tu ya kukumbuka, na mingi imefutika. Na unaloliweza kuniambia juu ya siku ile yenyewe, niambie. Nani alikuwa wapi?

Chloé

*

Kamembe, 30 Januari 2021

Mdogo wangu,

Nakujibu moja moja.

Chupa: ya kioo, ya Fanta, shingoni ilikuwa na alama ya kukwaruzwa. Kizibo: gunzi la mahindi, Mama alilichonga kwa kisu. Mlango ulitazama njia ya kwenda sokoni. Juu yake kulikuwa na kalenda ya parokia ya mwaka uliopita, Mama alipenda picha yake. Wewe ulivaa gauni la manjano lililokuwa langu, limepunguzwa kiunoni. Elikia hakuvaa kitu chini, alikuwa anaharisha. Mimi nilikuwa nyuma ya nyumba, nafua. Mama alikuwa sokoni.

Saa ile yenyewe, iache. Weka kwamba mtoto alikuwa na kiu. Hilo ni kweli na linatosha.

Nzigire

*

Paris, 20 Mei 2025

Yaya,

Tumepata tuzo. Si ya mwongozaji wala ya mwigizaji: ni ya senario. Miaka yote hii jina langu lilipita watu wakivaa makoti, na usiku ule waliketi.

Pesa hazikutosha kuja Rwanda. Tulipiga picha kwenye kilima kusini mwa Ufaransa, migomba tumeipanda kwenye mapipa. Waigizaji ni watu wa Bukavu kama sisi, wanaoishi Brussels, wanaongea kama mlivyoongea nyumbani. Sikuelewa nusu ya maneno yao, lakini nililia yote.

Jukwaani nilimshukuru dada yangu mkubwa, aliyeniomba msamaha nilipokuwa mdogo mno kuupokea. Ulikuwa wewe. Nakutumia filamu. Itazame ukiwa umeketi. Kisha uniandikie, hata kwa hasira.

Chloé

*

Kamembe, 9 Juni 2025

Mdogo wangu,

Tumeitazama, mimi na Muderhwa, kwenye simu yake. Hongera sana. Kalenda ya parokia umeiweka mahali pake. Migomba ni mizuri, ila mgomba hausimami peke yake namna hiyo, daima una watoto miguuni.

Msichana anayecheza mimi ni mzuri kuliko nilivyokuwa. Sikujua ungeandika kwamba ni yeye anayempa mtoto chupa bila kunusa. Wala kwamba anamwomba mama yake ampeleke mdogo mtu mbali, asije akasema alichokiona. Ni filamu, nami najua filamu ni filamu. Umefanya kazi kubwa. Mama angejivuna.

Unakula vizuri?

Nzigire

*

Kamembe, 17 Agosti 2025

Chloé,

Nakuomba kitu, na sijawahi kukuomba.

Filamu yako imefika huku. Vijana wanapeana kutoka simu hadi simu kwenye foleni ya Rusizi II. Watu wameijua chupa, wameijua kalenda, wamelijua gauni. Giheke si mbali.

Jumatatu Mukankusi alikuja bila mtoto. Huyu ndiye aliyeniletea mtoto wa kwanza kabisa nilipofungua. Alisimama nje, ndoo ya nyanya kichwani, hakuitua.

"Maman Nzigire, mutoto atabakia kwanza ku nyumba na nyanya yake."

Nikamuuliza, "Ni mugonjwa?"

"Hapana. Ni batu tu banasema."

"Banasema nini?"

"Wewe ulisoma, unajua. Mimi sikatai urafiki. Siku ya harusi ya mudogo wangu utakuja, utakula. Lakini mutoto ni mutoto."

Tangu hapo wengine wamemfuata. Hawanitukani. Wananisalimu vizuri kuliko zamani, na hilo ndilo baya.

Je, unaweza kuweka maneno mwanzoni mwa filamu, kwamba ni hadithi ya kubuni, kwamba dada wa kweli hakumpa mtoto chupa? Mstari mmoja tu. Nitawaonyesha.

Nzigire

*

Paris, 4 Septemba 2025

Yaya,

Nimezunguka na barua yako siku nyingi. Nisingependa kukuumiza hata kidogo. Lakini mstari huo siwezi kuuandika, kwa sababu wewe mwenyewe uliniambia.

Nilikuwa na miaka mitano. Elikia alikuwa anakohoa, nawe ulipiga magoti, ukanishika mabega, ukasema pole, pole, pole, mpaka sauti ikakauka. Nililibeba neno hilo kwenye ndege. Nilipokuwa na miaka saba nilimuuliza Tantine maana yake. Akasema, "Désolée", yaani samahani. Basi nikajua: dada yangu alifanya jambo, akaniomba msamaha, na mimi sikumjibu. Kila mtu anayekiri katika kila kitu nilichoandika ni wewe.

Nilipoandika filamu, toleo la kwanza halikuwa na mwenye kosa. Mtayarishaji akaniuliza, "Kosa ni la nani? Watu hawatoki kwenye ukumbi na mikono mitupu." Nikaenda nyumbani nikaandika lile neno lako, na maandishi chini yake: nisamehe. Sikukuandika kwa chuki, Yaya. Katika filamu ile wewe ndiye jasiri. Uliyepiga magoti mbele ya mtoto.

Sikiliza. Nakuja Novemba. Tutaionyesha filamu hapo Kamembe, nitaketi pembeni yako, nitakushika mkono mbele ya akina Mukankusi wote. Watakapoona mimi nimesamehe, nani atabaki na neno? Nimenunua tiketi. Na kila Jumamosi najifunza Kiswahili kwa Mwalimu Latifu, mtu wa Tanga, ili tuongee bila mtu katikati.

Shikamoo, dada.

Chloé

*

Kamembe, 8 Septemba 2025

Mdogo wangu,

Shikamoo hatuisemi huku. Ukimpa Muderhwa shikamoo atadhani unamtania. Sema tu "jambo" au "habari", na ukiagana sema "aksanti sana", watu watafurahi.

Njoo. Chumba kipo, godoro nitanunua jipya. Achana na ule mstari niliouomba. Mengine yote tutayaongea ukifika, au tusiyaongee, tutakula sambaza, wale dagaa wa ziwani, na ugali. Wewe njoo.

Huyo mwalimu asikuchoshe na sarufi nyingi.

Nzigire

*

Paris, 13 Oktoba 2025

Dada yangu mpendwa,

Leo ninaandika kwa Kiswahili. Ninaandika peke yangu. Makosa ni yangu.

Jumamosi mwanafunzi mmoja alichelewa darasani. Alisema, "Pole, mwalimu." Mwalimu Latifu alicheka. Alisema, "Pole ya nini? Mimi sikuumia. Wewe umechelewa, wewe sema samahani. Anayekosa husema samahani. Pole tunampa mtu ambaye amepatwa na jambo."

Nilinyoosha mkono. Niliuliza: Kama mtu mkubwa anamwambia mtoto pole, mtu mkubwa amekosa? Mwalimu alisema, "Hapana. Anamhurumia. Mtoto huyo ana msiba."

Nilitoka nje. Sikuchukua koti langu.

Dada, Elikia alikufa siku ya tatu. Tantine alinithibitishia. Lakini wewe ulipiga magoti siku ya kwanza, saa ile ile. Elikia alikuwa anakohoa tu. Hakuna mtu aliyejua kwamba atakufa. Basi pole ile ilikuwa ya nini? Mimi nilikuwa nimepatwa na jambo gani?

Jambo lingine. Tulipopiga picha, mtu wa vifaa alinipa lile gunzi la mahindi nilishike. Mkono wangu ulilijua. Nilidhani ni kwa sababu uliniandikia. Sasa ninafikiri: kuandikiwa hakufundishi mkono.

Nani alimpa Elikia chupa? Mimi nina miaka thelathini na miwili. Ninaweza kubeba. Niambie neno moja tu.

Mdogo wako,
Chloé

*

Hapo ndipo barua zilipofikia. Sasa ni mchana, watoto wawili wamelala. Naandika ilivyokuwa, hapa tu.

Nilikuwa nafua. Chloé alikuja mbio kutoka mbele ya nyumba, gauni la manjano limelowa kifuani, gunzi liko mkononi. Alikuwa amefurahi. Akaniambia, "Yaya, Elikia alilia maji, nimemupatia Fanta." Kisha akanusa mkono wake akasema, "Inanuka."

Nilikimbia ndani. Niliporudi nje na Elikia begani, Chloé alikuwa amesimama pale pale, anasubiri nimwambie amefanya vizuri. Nilimpa jirani Elikia akimbie naye zahanati, mimi nikapiga magoti. Sikuwa najua kama Elikia atakufa. Nilijua tu kwamba huyu mwingine, vyovyote itakavyokuwa, jambo limeshampata.

Baada ya mazishi Chloé hakusema neno kwa wiki nyingi. Mama akasema, "Huyu mutoto asijue. Tukimuambia tutakuwa tumezika babili." Watu wa Giheke tuliwaambia mtoto aliiokota chupa mwenyewe. Lakini Mama aliogopa kwamba siku moja mtu atakumbuka gauni lililolowa, atasema mbele yake. Ndiyo maana alimpeleka mbali. Mimi nilimlilia asimpeleke.

Nikimjibu kweli, ataiandika filamu upya, au atasema mbele ya watu. Mukankusi atarudi, na wenzake, na jina langu. Chloé anasema anaweza kubeba. Kila anayesema hivyo hajaonyeshwa mzigo.

Nikimwambia Elikia aliiokota mwenyewe, hatanisadiki. Tayari mkono wake unamuuliza. Lazima awepo mtu. Hilo mtayarishaji wake alilisema sawasawa.

*

Kamembe, 14 Oktoba 2025

Mdogo wangu Chloé,

Kiswahili chako kimenyooka. Nimejivuna.

Umeniomba neno moja. Neno ni: mimi.

Nilikuwa nafua, Elikia akaja analia maji. Nilikuwa na haraka. Niliona Fanta kwenye kona, nikang'oa gunzi, nikampa bila kunusa. Gunzi lilianguka, wewe ukaliokota ukanifuata nalo. Ndiyo maana mkono wako unalijua.

Mwalimu Latifu ni mwalimu mzuri, lakini anajua Kiswahili cha kwao Tanga. Sisi watu wa Bukavu hatuongei hivyo. Kwetu aliyekosa pia husema pole. Ndivyo nilivyokuambia siku ile: nilikuwa nakuomba msamaha, kwa kuwa uliniona. Tantine alikutafsiria sawa, na filamu yako ni sawa. Usibadilishe kitu.

Na ni kweli nilimwomba Mama akupeleke mbali. Hilo pia uliliandika bila kuambiwa.

Nilikuficha kwa aibu. Sasa umejua, basi usitafute tena. Andika filamu nyingine, ya kitu kingine. Una mkono mzuri.

Chumba kiko tayari.

Dada yako,
Nzigire

*

Paris, 14 Oktoba 2025, jioni

(Hii ameirudisha kwenye Kifaransa.)

Nzigire,

Asante kwa kujibu siku hiyo hiyo.

Nitakuambia nilichokuwa nimeanza kuamini, ili ujue umenitoa wapi. Siku tatu hizi niliamini kwamba ni mimi. Sikula, sikutoka. Nilisimama bafuni nikanusa mkono wangu. Nilipofungua barua yako nikasoma lile neno, nilikaa chini sakafuni nikalia kwa nafuu. Naona haya kuandika hivyo, lakini ni kweli: nafuu. Naweza kulala.

Nilidhani nimekusamehe tangu zamani. Niliandika kukusamehe, nikapewa tuzo kwa kukusamehe. Lakini ile ilikuwa hadithi niliyoikisia, nawe ulikuwa umekaa kimya, na kimya chako niliweza kukipamba. Sasa umeandika kwa mwandiko wako, "nikampa bila kunusa." Na kwamba uliomba niondolewe. Mama alikufa sikumzika, kwa sababu ulitaka nisionekane. Mwezi wa nane uliniomba niandike kwamba hukumpa chupa. Uliniomba nidanganye kwa ajili ya kreshi yako.

Sitakuja Novemba. Tiketi nimeirudisha. Nimemwandikia Mwalimu Latifu kwamba siendelei na masomo. Labda miaka itapita, sijui. Usiniandikie kwa sasa. Nikiwa tayari nitakutafuta mimi.

Natumaini unaelewa.

Chloé

*

Nimenakili na hiyo.

Muderhwa aliyasoma yote mawili, jibu langu na jibu lake, taa ikiwa karibu na pua kama kawaida yake. Akaivua miwani.

"Tangu lini sisi tunatumia pole kwa kuomba pardon?"

"Tangu leo."

"Bukavu nzima itakucheka."

"Bukavu nzima haitaisoma."

"Na kreshi?"

"Hawa wawili mama zao hawana simu ya picha. Watabaki mpaka wapate."

Hakucheka. Akasema, "Nzigire, ungemuambia tu. Ni muntu mukubwa yule."

"Umeona alivyoandika? Ameandika anaweza kulala."

"Na wewe je?"

Nilimwambia aende kitandani, kesho ana friji ya daktari ya kutengeneza. Akaenda. Baadaye kidogo alirudi na blanketi, akaniwekea mabegani, akaenda tena.

Nimefuta namba ya yule muuza magodoro. Nimeandika kwenye kipande cha karatasi kodi ya kreshi ilipwe mpaka Desemba, halafu tuone. Kesho asubuhi nitapita kwa Mukankusi kabla hajavuka, nimrudishie kikombe na sweta ya mtoto vilivyobaki kwangu, nimwambie asione haya kunisalimu haraka haraka.

Mvua imeanza tena. Barua yake ya jioni nimeisoma mara moja tu zaidi, kile kipande cha nafuu, nikakunja daftari.

Nalala saa nane na nusu ya usiku.